Jawabu kwa Mzazi wa Mawengi: Kijana na Kazi ya Kamera

Miongoni mwa barua tulizopokea mwezi huu imo moja iliyotoka Mawengi, katika wilaya ya Ludewa, mkoa wa Njombe. Aliyeiandika ni mzee mwenye watoto sita, naye ametuomba tusilitaje jina lake, nasi twaiheshimu haja yake. Kijana wake wa tatu amemaliza kidato cha nne. Tangu alipopata simu yenye kamera hana shughuli aipendayo ila kupiga picha za harusi, za maulidi, na za wazee wanaposimulia mambo ya kale, na sasa anaomba apelekwe Dar es Salaam akajifunze kutengeneza filamu na kazi za televisheni. Ada ni kubwa. Fedha taslimu mzee hana; alicho nacho ni ekari mbili za miti ya mbao, ambayo kwa hesabu yake yataka miaka minne au mitano zaidi ndipo ikomae. Akiikata leo ataiuza kwa hasara. Mama wa kijana ameridhia, baba bado. Atuuliza: je, kazi hii ni kazi kweli, au ni mchezo wa dunia? Na kama ni kazi, yupo Muislamu katika nchi zetu hizi aliyeishika ikamfikisha mahali?

Barua hii tumeipa uzito. Katika nyanda zile za juu Waislamu si wengi. Nyumba moja ya Kiislamu huweza kuzungukwa na nyumba kumi za majirani wa dini nyingine, watu wema ambao huishi nao kwa wema. Mawengi na vijiji vya jirani wamepata umeme kutoka mtambo mdogo unaozungushwa na maji ya mto, na umeme ukiingia nyumbani televisheni haichelewi kuufuata. Basi watoto wa nyumba ile huitazama dunia kama ilivyopigwa picha na watu wengine. Mzazi anayeuliza kama mwanawe aweza kuwa mmoja wa hao wanaopiga, anauliza neno kubwa.

Ama hukumu ya picha katika sheria yetu, hatutaki kurefusha. Hadithi zinazowakemea watengenezaji wa masanamu na picha zinajulikana, wala hakuna awezaye kuzifuta. Wanachuoni waliokuja baada ya kuzuliwa kwa kamera wamekhitalifiana iwapo picha ya mashine inaingia katika makemeo hayo. Sheikh Muhammad Bakhit al-Muti'i, aliyekuwa Mufti wa Misri tangu mwaka 1914 hata 1920, aliandika risala akaihalalisha. Hoja yake ni kwamba mashine hukifunga tu kivuli cha kiumbe aliyekwisha kuumbwa na Mwenyezi Mungu, mfano wa kioo, wala haiumbi kitu. Wengine, na miongoni mwao Sheikh Ibn Baz wa Saudia, waliikataza isipokuwa kwa haja na dharura. Mzee na amwendee sheikh anayemwamini huko kwao, amweleze kijana anataka kupiga picha za nini hasa, kwani jawabu la harusi huenda si jawabu la habari za njaa. Sisi tutalijibu swali lake la pili, ambalo ni la historia, na historia haina ikhtilafu nyingi hapa.

Yupo. Jina lake ni Mohamed Amin, na rafiki zake walimwita Mo. Amezaliwa Nairobi tarehe 29 Agosti 1943, katika jamaa ya Kiislamu iliyotoka Punjab. Baba yake alikuwa mfanyakazi wa reli. Alipokuwa mtoto wazazi wake walihamia Dar es Salaam, na huko ndiko alikolelewa na kusoma. Kamera yake ya kwanza ilikuwa Box Brownie, ile ya kisanduku, ambayo haikuwa na ufundi mkubwa ndani yake: unaifungua, unaielekeza, unabonyeza. Mwaka 1963, akiwa kijana wa yapata miaka ishirini, alifungua kampuni yake hapo hapo Dar es Salaam akaiita Camerapix. Twaomba mzee wa Mawengi asimame kidogo hapa, maana jambo hili lina ajabu yake. Katika Tanganyika ya mwaka 1963 televisheni haikuwapo. Zanzibar ilikuja kuipata mwaka 1973, na Bara ikangoja hata mwaka 1994. Kijana huyu alijitia katika kazi ambayo mazao yake hayangeweza kuonekana na jirani yake hata mmoja. Alichokipiga Mnazi Mmoja kilipelekwa London kwa ndege, kikasafishwa huko, kikaoneshwa kwa watu wa huko.

Na kazi yenyewe wakati ule ilikuwa na ugumu ambao vijana wa simu hawaujui. Filamu ya milimita 16 iliuzwa kwa mikunjo, na mkunjo wa futi mia moja ulikwisha kwa muda usiotimia dakika tatu. Mashine nyingi zilitiwa ufunguo kama saa ya ukutani. Mpiga sinema hakuweza kuona alichokipata. Aliufunga mkunjo katika mkebe, akaukabidhi uwanja wa ndege, akangoja siku kadhaa kuambiwa kama picha zimetoka au zimeungua. Kwa hiyo alijifunza kufikiri kabla ya kubonyeza. Leo kijana hupiga saa mbili za harusi bila kukata, kisha hajui alichonacho.

Mapinduzi ya Zanzibar yalitokea Januari 1964, na Mohamed Amin alikuwa karibu, akazipiga picha. Picha zake zilikwenda kwa Visnews, shirika la London lililokuwa likivigawia vituo vya televisheni habari za ulimwengu, ambalo baadaye lilimezwa na Reuters. Kwa njia hii kijana wa Dar es Salaam alianza kujulikana na wahariri wa ng'ambo ambao hawajapata kumwona uso. Lakini mwaka 1966 Zanzibar hiyo hiyo ilimtia matatani. Alikwisha kupiga picha za wataalamu wa kijeshi wa nchi za Kikomunisti waliokuwapo Unguja, na picha zikaoneshwa nje. Alipokwenda tena akakamatwa, akatiwa gereza la Kilimamigu, akakaa humo takriban wiki nne, akateswa. Alipotolewa alirudishwa Kenya, na tangu hapo makao yake yakawa Nairobi. Hatuyataji haya ili kufufua kidonda cha watu. Twayataja kwa kuwa mzazi aliuliza kama kazi hii ni mchezo.

Tarehe 5 Julai 1969, siku ya Jumamosi, Tom Mboya alipigwa risasi mchana katika Government Road, Nairobi, barabara ambayo leo yaitwa Moi Avenue. Mohamed Amin alifika upesi mno, akapiga picha za waziri yule akichukuliwa na watu wakilia. Mwaka huo alipewa huko Uingereza tuzo ya mpiga picha bora wa televisheni. Hapo alikuwa na miaka ishirini na sita. Wapo waliouliza, na wataendelea kuuliza, kama inafaa kumwelekezea mashine mtu anayekata roho. Tutalirudia neno hili tukifika Ethiopia, kwa maana huko ndiko lilikokuwa zito kupita kiasi.

Miaka ya 1970 alikuwa kila mahali. Uganda ya Idi Amin aliijua vizuri, na hao wawili kwa majina hawana udugu wowote, ingawa wazungu walichanganyikiwa mara nyingi. Sisi tunapenda kutaja zaidi safari zake za Makkah. Serikali ya Saudia ilimpa ruhusa ya kupiga picha za Hija, akaenda, akapiga filamu na picha za kawaida, na mwaka 1978 kikatoka kitabu kilichoitwa Pilgrimage to Mecca. Katika zama zile Waislamu wengi wa bara letu walikufa bila kuuona Msikiti Mtakatifu hata kwa picha iliyo wazi. Makampuni makubwa ya Ulaya yalikuwa na fedha, na mashine nzuri, na ndege. Lakini mpiga picha asiye Muislamu haingii Makkah, na hilo fedha haiwezi kulitengeneza. Mambo yetu wenyewe, ibada zetu, misiba yetu, madarasa ya watoto wetu, yana mlango ambao mtu wa nje huusimamia nje tu. Kama hakuna mwetu aliyejifunza kazi, basi yataelezwa na aliyesimama nje.

Alitengeneza pia vitabu vingi vya picha. Cradle of Mankind cha mwaka 1981 kilikuwa juu ya nchi iliyozunguka ziwa Turkana. Vikafuata vya safari za Kenya, za Pakistan na za Tanzania. Kampuni ikakua, ikaajiri watu, ikawa inachapisha hata Selamta, jarida la abiria wa Shirika la Ndege la Ethiopia. Kwa hiyo asidhani mtu kwamba kamera ni kukimbilia vita peke yake. Nyuma ya kila picha ya vita palikuwa na ofisi yenye hesabu, stakabadhi na kodi ya nyumba. Vijana wanaoipenda kamera mara nyingi hawaipendi ofisi hiyo, na hapo ndipo wengi huanguka.

Sasa tufike Ethiopia. Mwaka 1984 mvua zilikuwa zimekatika katika majimbo ya kaskazini kwa misimu mfululizo. Juu ya ukame palikuwa na vita: serikali ya kijeshi ya Mengistu Haile Mariam ilikuwa ikipigana na wapiganaji wa Tigray na Eritrea, na jeshi likazuia nafaka isipite na masoko yasikutane. Tume ya Misaada ya Ethiopia yenyewe ilikwisha kuwaomba walimwengu nafaka tangu Machi mwaka huo, na walimwengu hawakushughulika sana. Mwezi wa Septemba serikali ikafanya sherehe kubwa za kutimiza miaka kumi ya mapinduzi katika mji mkuu, na waandishi wakazuiwa wasende kaskazini kuharibu furaha. Watu wanakufa Korem, Addis Ababa inapambwa kwa matao.

Katika Oktoba, baada ya sherehe, Mohamed Amin alipata ruhusa, akaenda Mekele na Korem pamoja na Michael Buerk wa BBC. Walichokikuta kilikuwa bonde la watu. Waliotoka vijijini kwa miguu walikuwa wamejilaza chini katika baridi ya milimani, Wakristo kwa Waislamu, wakingoja chakula kisichotosha. Na kila kulipopambazuka waliokufa usiku walitolewa, wakafungwa katika vitambaa na magunia, wakapangwa safu. Mohamed Amin alipiga picha alfajiri ile, kwa utulivu, bila kuikimbiza mashine huku na huku. Aliiacha ikae juu ya uso wa mtoto, juu ya mikono ya mama. Taarifa ikaoneshwa na BBC tarehe 23 Oktoba 1984, na siku iliyofuata sehemu ya pili. Inasemekana vituo 425 vya televisheni viliionesha ulimwenguni. Katika muda mfupi ndege za nafaka zilianza kushuka. Waimbaji wa Uingereza, kisha wa Marekani, wakatoa nyimbo za kuchangisha. Na tarehe 13 Julai 1985 likafanyika tamasha la Live Aid London na Philadelphia kwa siku moja, likatazamwa na mamia ya mamilioni ya watu.

Waliokufa katika njaa ile wanakadiriwa kuwa kati ya laki nne na milioni moja. Hatuwezi kuhesabu waliookoka kwa sababu ya picha zile, wala hakuna awezaye, lakini hatumjui mtu mwenye akili anayesema hawakuwapo. Jambo moja twalisikitikia: walimwengu wengi hulikumbuka jina la msemaji, Bwana Buerk, ambaye maneno yake kwa hakika yalikuwa mazuri, na wanamsahau Mnairobi aliyeibeba mashine. Sauti hukumbukwa, jicho husahauliwa.

Tuliahidi kulirudia lile neno zito. Dini yetu inatuamuru kumsitiri Muislamu na kumsitiri maiti. Anayeosha maiti haruhusiwi kusimulia aibu aliyoiona. Itakuwaje basi mtu asimame na mashine juu ya waliokufa kwa njaa na kuwaonesha walimwengu wote? Tumelifikiri sana, na rai yetu ni hii. Maiti wa Korem hawakuwa na aibu yao. Aibu ilikuwa ya wale waliokuwa na nafaka na madaraka. Kuificha hali yao kulikuwa kumsitiri Mengistu na matao yake, na kuwasitiri matajiri wa dunia waliofumba macho tangu Machi. Ni kama mtu anayepiga ukelele nyumba ya jirani inapoungua: haulizwi kwa nini ameuonesha uchi wa jirani aliyetoka mbio bila nguo. Walakini ukelele una mpaka. Moto ukizimika, anayeendelea kuwaonesha watu uchi ule ili apate chochote kwa huo, huyo amekuwa mtu mwingine.

Na hapa hatutaki kuzisifu picha zile bila kiasi, kama yalivyofanya magazeti mengi. Waethiopia wengi, na wasomi wa Kiafrika kwa jumla, wamelalamika kwamba taarifa ile haikumpa mkulima wa Wollo nafasi ya kusema hata maneno machache. Aliyesema ni mgeni. Mwenye njaa alionekana tu. Pia vita havikuelezwa kama ilivyostahili, mtazamaji akadhani kwamba ni ukame peke yake, jambo la mbingu, halina mkono wa mtu. Na tangu siku hiyo watu wa Ulaya wakaizoea picha moja ya Afrika, mtoto mwenye inzi machoni, wakaiona hiyo ndiyo Afrika yote, hata mtu wa Njombe anayelima viazi na mahindi akauza mpaka Dar es Salaam akahesabiwa humo humo. Lawama hizi zina haki. Nyingi kati yake zinawahusu wahariri na wasemaji zaidi kuliko mbeba kamera, lakini kijana anayetaka kuishika kazi hii leo azijue, kwa sababu yeye ana nafasi ambayo Mohamed Amin hakuipewa na wakubwa wake: aweza kumwachia mwenye habari aseme kwa lugha yake, mpaka amalize.

Mohamed Amin mwenyewe alilijua pengo hilo. Katika miaka ya 1990, kwa kushirikiana na Reuters, alianzisha Nairobi kipindi cha televisheni cha kila wiki kilichoitwa Africa Journal, kikitengenezwa na Waafrika na kuoneshwa katika nchi nyingi za Kiafrika, chenye habari za biashara, za michezo, za wasanii na za wakulima. Hapo alikuwa mwongozaji na mwenye kuajiri kuliko mpiga picha. Kipindi hicho hakikuwatoa watu machozi wala hakikuimbiwa nyimbo, na kwa hiyo hakisifiwi sana; sisi twakihesabu kuwa miongoni mwa kazi zake bora.

Kabla ya hapo yalimfika makubwa. Mwishoni mwa Mei 1991 utawala wa Mengistu ulianguka na wapiganaji wakaingia Addis Ababa. Tarehe 4 Juni ghala la silaha lililipuka katika mji ule. Mohamed Amin alikuwa hapo kazini. Mwenzake John Mathai, Mkenya aliyekuwa akichukua sauti, alikufa palepale, na yeye mwenyewe akapoteza mkono wake wa kushoto. Wengi walidhani kazi yake imekwisha, kwani kamera ya televisheni ni mzigo wa mikono miwili. Alikwenda Marekani, akatengenezewa mkono wa bandia unaoweza kuishika mashine, na kabla ya miezi mingi kupita alikuwa amerudi kazini.

Tarehe 23 Novemba 1996 alipanda ndege ya Ethiopia kutoka Addis Ababa kurudi nyumbani Nairobi, pamoja na Brian Tetley, mwandishi aliyefanya naye vitabu vingi. Ndege ilikuwa na watu 175. Vijana watatu waliiteka wakataka wapelekwe Australia. Rubani Leul Abate aliwaeleza kwamba mafuta hayafiki nusu ya njia, hawakusadiki. Mafuta yakaisha juu ya bahari yetu hii, karibu na Ngazija, na ndege ikaanguka majini mbele ya pwani ya Mitsamiouli. Watu wa Ngazija walikimbilia kwa mashua zao pamoja na wageni wa hoteli iliyokuwa hapo, wakawatoa waliokuwa hai. Waliookoka ni 50. Waliokufa ni 125, na Mohamed Amin na Brian Tetley walikuwa miongoni mwao. Walioponea walisimulia kwamba katika saa zile za mwisho alikuwa amesimama akisemezana na watekaji, akijaribu kuwatoa katika rai yao. Alikuwa na miaka 53. Innaa lillahi wa innaa ilayhi raajiun.

Kuna jambo la nyumbani ambalo haliwezi kukosa katika jarida hili la majumbani. Mwanawe, Salim Amin, ambaye naye ameishika kazi ya baba yake na kuiongoza Camerapix, alitoa mwaka 2006 filamu juu ya maisha ya mzee wake, iitwayo Mo & Me. Filamu ile haimpambi marehemu. Inaonesha baba ambaye safari zilimchukua mbali na nyumba yake, mkali kazini, ambaye mtoto wake alimjua kwa kumngojea. Twadhani si rahisi kwa mwana kusema hivyo na bado aseme kwa mapenzi, naye amefaulu. Wanawake wanaotusoma wataielewa filamu hiyo upesi kuliko waume zao. Mwenye mke na watoto wana haki juu yake, na haki hiyo haisimami kwa sababu ndege ya Khartoum inaondoka saa kumi na moja alfajiri. Mama wa Mawengi aliyekwisha kuridhia alifikiri hilo pia, maana baadaye atakuwa na mkwe, na mkwe atakuja kulia kwake.

Sasa tumjibu mzee. Ni kazi. Wala si kazi ya wasio na dini, kwa kuwa tumemwona Muislamu aliyeishika kwa zaidi ya miaka thelathini, akaitumia kuwaonesha walimwengu Nyumba ya Mwenyezi Mungu na kuwaonesha wenye njaa. Moyo wake na amali zake ziko kwa Mola wake, sisi hatuna mizani ya huko. Suratul Hujurat inatuamuru tuhakikishe habari kabla ya kuwadhuru watu kwa ujinga, na mpiga picha anayeiogopa amri hiyo aweza kuwa na faida kuliko wasemaji kumi. Lakini ni kazi yenye hasara za mwili na za nyumba, na wengi wanaoianza hawafiki popote, nao hakuna anayeandika habari zao.

Kuhusu miti, rai yetu ni kwamba isikatwe mwaka huu. Mohamed Amin hakuanza kwa chuo; alianza kwa kisanduku na kwa kupiga picha kila siku hata akapata mtu wa kuzinunua. Kijana wa leo ana katika simu yake mashine iliyo na nguvu kuliko ile ya mwaka 1963. Apewe mwaka mmoja na nusu. Katika muda huo atengeneze filamu moja tu ya nusu saa, yenye mwanzo na mwisho, juu ya kitu anachokijua kuliko mtu wa Dar es Salaam. Hatakosa cha kupiga. Wapangwa walikuwa wafua chuma mashuhuri, wakiyeyusha mawe ya nchi yao katika tanuri za udongo muda mrefu kabla serikali na makampuni hayajazungumza habari za chuma cha Liganga. Wako wazee waliosimuliwa na baba zao namna tanuri ilivyojengwa, na nani aliruhusiwa kuikaribia na nani hakuruhusiwa. Wako pia waliosikia kwa babu zao habari za Majimaji zilivyofika kwao. Awaketishe, awaulize, awaachie waseme kwa Kipangwa, kisha aandike tafsiri ya Kiswahili chini ya picha. Amwombe kila mzee ruhusa mbele ya jamaa zake, na asimpige mtu katika hali ambayo hangependa baba yake apigwe.

Akiimaliza, baba na mama waitazame pamoja na majirani, Waislamu na wasio Waislamu. Ikiwa watu watakaa mpaka mwisho bila kuinuka, basi mzee aanze kuuliza habari za ada. Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kina Shule Kuu ya Uandishi wa Habari na Mawasiliano ya Umma, na huko matokeo ya kidato cha nne hayatoshi peke yake, kwa hiyo kijana aangalie kwanza kozi za cheti, mahali popote zilipo, na aulize kama chuo kimesajiliwa na serikali kabla ya kulipa shilingi moja. Filamu hiyo ya kwanza ataweza pia kuipeleka katika Tamasha la Nchi za Jahazi la Zanzibar, lililoanzishwa mwaka 1998, ambako filamu za watu wa bahari yetu hupokelewa. Na kama anataka kuionesha hadharani au kuiuza, sheria ya filamu na michezo ya kuigiza ya mwaka 1976 yamtaka awe na kibali. Huombwa kwa Bodi ya Filamu Tanzania, naye asikodi ukumbi kabla hajakipata mkononi.